NYUMBA MOJA KWA BEI YA NYUMBA TATU

Ndugu zetu wengi wenye mishahara ya kila mwezi siku hizi wanapigiwa simu na kuonyeshwa picha za nyumba nzuri, zenye bati jekundu na kibaraza mbele. Wanaambiwa: "Kwa nini uendelee kumtajirisha mwenye nyumba? Lipa kidogo kidogo kila mwezi, na nyumba iwe yako." Maneno hayo si ya uongo. Lakini ni nusu ya habari, nasi twaona ni wajibu wa gazeti hili kuwapa wanachama nusu iliyobaki.

Hatuandiki kwa kuichukia benki. Wala hatuandiki ili kumkataza mtu kukopa. Twaandika kwa sababu tumeona mtu mzima, mwenye elimu yake, akitokwa na jasho mbele ya karatasi aliyoitia sahihi kwa mkono wake mwenyewe.

Mwezi uliopita alifika katika ofisi ya tawi letu mwalimu mmoja, mwanachama wa siku nyingi. Yeye anafundisha, mkewe ni muuguzi. Miaka mitano nyuma walikopa benki Sh. 50,000,000 wanunue nyumba. Riba ilikuwa asilimia 15 kwa mwaka, muda miaka 20, na malipo Sh. 658,395 kila mwezi. Hawakukosa hata mwezi mmoja. Watoto walivaa viatu vya mitumba, sikukuu zilipita bila nguo mpya, lakini benki ililipwa.

Sasa alikuwa amepata mtu wa kulinunua shamba la urithi huko kwao kwa Sh. 12,000,000. Hesabu yake ilikuwa hivi: tumekwisha kulipa karibu milioni 40, tulikopa milioni 50, imebaki milioni 10 na riba kidogo, tuuze shamba, tumalize deni, tulale usingizi. Akaiandikia benki kuuliza salio. Jibu likaja: deni lililobaki ni Sh. 47,042,000.

"Ndugu Katibu," akatuambia, "nimeibiwa."

Sisi tulisomea ualimu kabla ya kuingia katika kazi ya chama, na hesabu ya riba tuliifundisha darasani kwa chaki. Tukachukua karatasi na kalamu, tukakaa naye mpaka taa zikawashwa. Twasikitika kusema ya kwamba hakuibiwa. Kila shilingi ilikuwa mahali pake kama mkataba ulivyosema. Kosa lilikuwa moja tu: siku ile ya kutia sahihi aliuliza atalipa kiasi gani kwa mwezi, wala hakuuliza atalipa kiasi gani mpaka mwisho.

Basi na tuifanye hesabu ile hapa, polepole, kila mwanachama aifuate.

Asilimia 15 kwa mwaka ni asilimia moja na robo kwa mwezi. Mwezi wa kwanza deni ni Sh. 50,000,000. Asilimia moja na robo yake ni Sh. 625,000. Hiyo ndiyo riba ya mwezi mmoja. Mkopaji anatoa Sh. 658,395. Benki inachukua kwanza riba yake, Sh. 625,000. Kinachobaki cha kupunguza deni ni Sh. 33,395, fedha ya mifuko miwili hivi ya saruji. Mwezi wa pili deni ni Sh. 49,966,605, na riba imepungua kwa Sh. 417 tu. Mwezi wa tatu imepungua tena kwa shilingi mia nne na kitu. Ndivyo mambo yanavyokwenda, kwa mwendo wa kobe.

Baada ya miaka mitano mwalimu wetu alikuwa ametoa Sh. 39,503,700. Katika hizo, zilizopunguza deni hazikufika milioni 3. Zaidi ya milioni 36 zilikuwa riba. Akiendelea hivyo mpaka nusu ya safari, yaani miaka 10, atakuwa ametoa milioni 79 na bado atadaiwa karibu milioni 41. Nusu ya lile deni alilokopa itakwisha katika mwaka wa 16. Na siku atakayorudishiwa hati yake, baada ya miaka 20, atakuwa ametoa Sh. 158,014,800. Alikopa bei ya nyumba moja, akalipa bei ya nyumba tatu na zaidi.

Wako watakaosema: hiyo ni kwa sababu ya asilimia 15. Ni kweli kwamba riba ni kubwa. Taarifa za soko la mikopo ya nyumba hapa nchini kwa miaka kadhaa zimeonyesha riba kati ya asilimia 15 na 19, ingawa mwaka 2010 ilikuwa juu ya asilimia 20. Lakini ziko sababu mbili zinazomkamua mkopaji, riba na muda, na ya pili ndiyo watu wasiyoiona.

Chukua mkopo ule ule wa milioni 50, kwa riba ile ile ya asilimia 15. Ukiulipa kwa miaka 10, kila mwezi ni Sh. 806,675, na jumla yake karibu milioni 97. Ukiulipa kwa miaka 15, kila mwezi ni Sh. 699,794, na jumla milioni 126. Kwa miaka 20, jumla milioni 158. Kwa miaka 25, kila mwezi ni Sh. 640,415, na jumla milioni 192.

Tazameni vizuri, ndugu. Anayetoka miaka 15 kwenda miaka 20 anapunguziwa Sh. 41,399 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo analipa milioni 32 zaidi. Anayetoka miaka 20 kwenda 25 anapunguziwa Sh. 17,980 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo analipa milioni 34 zaidi. Afisa wa mikopo anaposema, "Tukuongezee muda upumue," aulizwe kwanza bei ya pumzi hiyo.

Tena kuna mtego wa pili. Yako matangazo ya riba ndogo, labda asilimia 10. Mtu anafurahi. Lakini aulize: asilimia 10 ya nini? Kama riba inahesabiwa juu ya deni linalobaki, na deni likipungua nayo inapungua, hiyo ni riba ya salio. Kama inahesabiwa juu ya mkopo wote wa mwanzo mpaka siku ya mwisho, hata kama umekwisha kurudisha nusu yake, hiyo ni riba isiyopungua. Milioni 50 kwa asilimia 10 isiyopungua kwa miaka 10 ni riba ya milioni 5 kila mwaka, jumla milioni 50; unarudisha milioni 100. Na tumekwisha kuona kwamba asilimia 15 ya salio kwa miaka hiyo hiyo 10 ni chini ya milioni 97. Basi asilimia 10 imekuwa ghali kuliko asilimia 15! Mwenye kutazama tarakimu ya tangazo peke yake atadanganyika mchana kweupe.

Ya tatu, riba nyingi haziahidiwi kukaa pale pale. Mkataba unaweza kusema benki ina haki ya kuibadili. Mkopo wetu wa miaka 20 ukipanda toka asilimia 15 mpaka 17 tangu mwanzo, malipo ya mwezi yanakuwa zaidi ya Sh. 730,000. Mshahara hauongezeki kwa sababu benki imeongeza riba.

Na juu ya hayo yako malipo ambayo hayamo katika picha ya nyumba: ada ya kushughulikia mkopo, ada ya mthamini, wakili, usajili wa rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Kodi ya pango la ardhi ni juu yako kila mwaka, na kodi ya majengo tangu mwaka 2021 hukatwa kwenye umeme wa LUKU. Bati likivuja, hakuna mwenye nyumba wa kumwita.

Haifai kuficha upande wa pili. Anayepanga kwa Sh. 250,000 kwa mwezi atatoa milioni 60 kwa miaka 20, hata kama kodi haitapanda, na twajua itapanda. Analipishwa miezi sita au mwaka mzima kwa mkupuo, na siku mwenye nyumba akimtaka atoke, atatoka na godoro lake. Anayejenga kidogo kidogo, kama wazee wetu na wengi wetu tulivyozoea, msingi mwaka huu, boma mwaka ujao, kupaua Mungu akipenda, yeye hana riba. Lakini naye ana gharama zake: anapanga huku anajenga, bei ya saruji na nondo inamkimbia, tofali zinaibwa usiku, na pagale lake linaota magugu wakati watoto wanakua. Mkopo unampa mtu nyumba akiwa kijana, watoto wakiwa bado nyumbani. Hilo ni jambo la thamani, na mtu anaweza kuamua kulilipia. Tunalotaka ni aamue akiwa anaijua bei.

Wengine husema, fedha hupungua thamani, kwa hiyo laki sita za leo hazitakuwa kitu baada ya miaka 15. Kuna ukweli kidogo. Lakini toka mwaka 2018 mpaka 2024 wastani wa mwaka wa kupanda kwa bei katika nchi yetu haukufika asilimia 5. Riba ya asilimia 15 inakimbia mara tatu ya mwendo huo. Mfumuko wa bei hautakulipia deni lako.

Yafaa pia tukumbuke tulikotoka. Huko Unguja na Pemba, wenye mashamba ya karafuu walilemewa na madeni hata mashamba mengi yakawa rehani, mpaka serikali ya kikoloni ikalazimika mwaka 1934 kutunga sheria za kuzuia mashamba yasihamie kwa wakopeshaji. Watu wale hawakuwa wavivu. Walikopa kwa kutazama msimu mmoja mbele, na deni likatazama miaka yote.

Baada ya Uhuru, taifa letu liliamua kwamba ardhi si bidhaa ya mtu kuimiliki milele. Mwaka 1963 umiliki huo wa kudumu ulifutwa, na mpaka leo ardhi yote ni ya umma, Rais akiwa mdhamini wake. Raia anapewa haki ya kuitumia kwa muda ulioandikwa. Mwaka 1973 ikaanzishwa Benki ya Nyumba ya Tanzania ili mfanyakazi wa kawaida apate mkopo wa kujenga. Benki ile ilifungwa mwaka 1995. Miongoni mwa yaliyoiua ni mikopo isiyorudishwa. Tunasema hili waziwazi, maana wako wanaodhani kutolipa deni ni ushujaa. Deni lisilolipwa liliwanyima nyumba wale waliokuwa nyuma katika foleni. Baada ya hapo, mikopo ya muda mrefu ilikuwa adimu mpaka ilipotungwa sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008 na kuanzishwa mwaka 2010 kampuni ya kuzipa benki fedha za muda mrefu kwa kazi hiyo. Hata leo mikopo yote ya nyumba haifiki asilimia moja ya pato la taifa. Maana yake ni kwamba wengi watakaokopa katika miaka ijayo watakuwa watu wa kwanza katika ukoo wao kufanya hivyo. Hawana baba wala shangazi wa kuwaambia karatasi hii isomwe vipi. Ndiyo sababu chama hakina budi kuwa huyo shangazi.

Basi mwanachama anayekwenda benki na aulize maneno haya, na asitoke mpaka ajibiwe kwa maandishi. Jumla ya fedha nitakayotoa mpaka siku ya mwisho ni kiasi gani, pamoja na ada zote na bima? Riba ni ya salio au ni isiyopungua? Inaweza kubadilishwa, na nani, na kwa taarifa ya muda gani? Nipeni jedwali la salio mwaka kwa mwaka. Nikitaka kulipa zaidi au kumaliza mapema, naruhusiwa, na ninatozwa faini gani? Nikiugua au nikiachishwa kazi, mtanipa muda gani kabla ya kugusa nyumba? Na ndugu Waislamu wanaokwenda kwenye benki zisizotoza riba, nao wahesabu vile vile. Uzuri wa mauzo yale ni kwamba bei yote hutajwa siku ya kwanza. Lakini bei iliyotajwa wazi nayo huweza kuwa kubwa.

Jingine ni la akina mama. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka ridhaa ya mume au mke kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani. Ridhaa si sahihi ya kupigishwa jikoni mikono ikiwa na unga. Mama aisome karatasi, aulize jumla, na akiona haifai akatae. Nyumba ikinadiwa, hatauliza dalali ni nani aliyeifanya hesabu.

Kwa upande wa chama, twadai mambo mawili. La kwanza, ukurasa wa kwanza wa kila mkataba wa mkopo wa nyumba uandikwe kwa Kiswahili, na katikati yake, kwa tarakimu kubwa, iandikwe jumla ya fedha zote atakazolipa mkopaji. Mwaka 2021 Bunge lilibadili sheria ili Kiswahili kiwe lugha ya mahakama na ya sheria za nchi. Kama Kiswahili kinatosha kumhukumu mtu, kinatosha kumweleza deni lake. Benki Kuu nayo ilitoa kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha mwaka 2019, na twazisifu. Lakini kanuni haimsaidii mtu aliyepewa kurasa thelathini za Kiingereza cha mawakili saa kumi jioni na kuambiwa atie sahihi hapa, na hapa, na hapa.

La pili ni letu wenyewe. Kila tawi liwe na jioni moja ya hesabu kwa mwezi. Walimu tunao, makarani tunao, vijana wenye simu za kupigia hesabu tunao. Mwanachama yeyote aje na karatasi yake kabla hajaitia sahihi, asomewe na kufanyiwa hesabu bure. Katika tawi letu tumekwisha kuanza.

Msomaji atauliza, je, yule mwalimu? Tulimfanyia hesabu mbili zaidi. Akiongeza Sh. 100,000 tu kila mwezi juu ya malipo yake tangu sasa, miaka 15 iliyobaki inakuwa 10 na siku chache, na ataokoa milioni 27. Laki hiyo hiyo angeianza mwezi wa kwanza wa mkopo, miaka 20 ingekuwa chini ya 12, na angeokoa karibu milioni 52. Shilingi ya mapema ina nguvu kuliko ya baadaye, maana inaikata riba kabla haijazaa. Na akiuza shamba na kuziingiza zile milioni 12 zote kwa mara moja, deni litakwisha baada ya miaka saba na miezi michache, badala ya 15.

Hesabu ilisema, uza. Lakini katika shamba lile mama yake bado analima mihogo, na baba yake amezikwa penye mwembe. Mambo hayo hayamo katika jedwali la benki, wala hatukuona kuwa ni kazi ya katibu wa tawi kumwamulia. Tulimpa tarakimu zote kwenye karatasi moja, akaikunja akaenda kuizungumza na mkewe.

Wiki iliyofuata walikuja wote wawili. Shamba hawakuuza. Muuguzi ameongeza zamu za usiku, mwalimu anafundisha jioni, na ile laki inakwenda benki kila mwezi, kwa barua inayosema wazi kuwa ipunguze deni lenyewe. Mama yule alituambia neno moja ambalo twaliandika hapa kwa wote wanaofikiri kukopa: "Si laki moja inayoniuma, Ndugu Katibu. Inaniuma miaka mitano niliyokuwa nalipa bila kujua nalipa nini."

Ndugu, jioni yetu ya hesabu ni Alhamisi ya kwanza ya kila mwezi, saa kumi na moja, katika ofisi ya tawi. Njoo na karatasi yako, na umlete mwenzako.